Kulala Milima ya Shimba: Kambi kama Nafasi ya Kutulia na Kuwaza

Kutoka Ukunda, Tiwi au Diani, Milima ya Shimba huonekana upande wa magharibi kama mgongo mrefu wa kijani, mara nyingi ukiwa na utando wa ukungu asubuhi. Kwa wakazi wa Kwale mjini msitu uko karibu zaidi, kwani unaanzia pale nyumba zinapoishia. Kwa mkulima wa Lukore au Kinango, milima hii ina sura nyingine kabisa: ua wa umeme, mahindi yaliyokanyagwa na usiku wa kukesha shambani. Wapo waliozaliwa na kukulia chini ya milima hii ambao hawajawahi kulala ndani yake hata usiku mmoja. Katika fikira za wengi, kupiga kambi ni jambo la watalii, au la wanafunzi wa skauti waliopelekwa na mwalimu wao.

Dhana hiyo inawanyima wakazi kitu kilicho karibu nao kuliko hospitali ya rufaa. Mtu mwenye jambo zito la kuamua, kijana aliyemaliza shule na hajui aanzie wapi, mzazi aliyefiwa, mwalimu au muuguzi aliyechoka kiasi cha kutosikia anachoambiwa, wote hawa huhitaji muda wa kukaa na fikira zao bila kukatizwa. Muda huo haupatikani kwa urahisi nyumbani. Hupatikana msituni, na hauhitaji ujuzi mkubwa. Unahitaji maandalizi, heshima kwa wanyama na kujua la kufanya giza linapoingia.

Mahali penyewe

Milima ya Shimba ilitangazwa kuwa msitu wa serikali mwaka 1903, na mwaka 1968 sehemu yake kubwa ikafanywa hifadhi ya wanyamapori. Hifadhi ina ukubwa wa kilomita za mraba 192 hivi na inasimamiwa na Shirika la Huduma kwa Wanyamapori, KWS, kwa ushirikiano na Shirika la Huduma za Misitu, KFS. Vilele vyake hufikia karibu mita 450 juu ya usawa wa bahari. Si milima mirefu, lakini imesimama mbele ya upepo wa bahari, na ndiyo maana usiku wake una ubaridi ambao mtu wa pwani hautarajii, na nyasi zake huamka zimelowa umande hata wakati wa kiangazi.

Hapa ndipo mahali pekee nchini Kenya ambapo palahala bado anaishi porini, yule swala mkubwa mwenye pembe zilizopinda nyuma kama jambia, dume lake likiwa jeusi na tumbo jeupe. Wako tembo na nyati, chui asiyeonekana kirahisi, mbega weusi kwa weupe juu ya miti na hondohondo wanaopiga kelele kama watoto wanaogombana. Yako Maporomoko ya Sheldrick, ambapo maji huanguka zaidi ya mita 20 hadi kwenye kidimbwi ambacho wageni huruhusiwa kuogelea. Safari ya kufika huko ni ya miguu, mwendo wa kama kilomita 2, na huongozwa na askari wa wanyamapori.

Sehemu za kupigia kambi zimetengwa. Baadhi ziko kwenye ukingo wa milima ambapo mtu huona Bahari ya Hindi ikiwa imetandazwa chini, na nyingine ziko ndani zaidi, karibu na msitu. Kwa anayekwenda kutafuta utulivu, ukingo ni bora. Macho yanapopata mahali pa mbali pa kutua, na fikira nazo hupata nafasi.

Kwa nini akili hutulia msituni

Jambo hili limechunguzwa. Wanasaikolojia wawili wa Chuo Kikuu cha Michigan, Marekani, Rachel Kaplan na Stephen Kaplan, walitoa kitabu mwaka 1989 wakieleza kwamba umakini wa binadamu ni wa aina mbili. Upo ule wa kujilazimisha: kuhesabu pesa za duka, kuendesha pikipiki katikati ya magari, kujaza fomu, kusikiliza mtu mmoja huku watatu wanaongea. Huu huchoka, kama mkono unavyochoka kwa kutwanga. Upo na ule unaovutwa wenyewe bila juhudi, kwa mfano na miale ya moto, maji yanayotiririka au majani yanayochezeshwa na upepo. Wakati huu wa pili unapofanya kazi, ule wa kwanza hupumzika. Ndiyo sababu mtu anaweza kutazama moto kwa saa nzima na akainuka akiwa na nguvu, ilhali saa nzima ya kutazama simu humwacha amechoka zaidi, ingawa katika hali zote mbili alikuwa amekaa tu.

Mwaka 2008 watafiti wa chuo hicho hicho, wakiongozwa na Marc Berman, waliwapa watu mtihani mdogo wa kurudia tarakimu kinyumenyume, kisha wakawatuma watembee kwa karibu saa moja. Waliotembea kwenye bustani yenye miti walirudi wakiwa wamepata alama bora. Waliopita barabara za mji hawakupata nafuu ya namna hiyo.

Miaka minne baadaye, watafiti wengine wa Marekani, akiwemo David Strayer, waliwapima watu 56 waliokuwa kwenye safari za siku kadhaa porini bila simu wala kompyuta. Waliofanya mtihani wa ubunifu baada ya siku nne msituni walipata alama zilizokuwa juu kwa karibu asilimia 50 kuliko wale waliofanya kabla ya kuondoka. Utafiti huo hauwezi kutenganisha kilichosaidia, kama ni msitu au ni kuachana na simu. Kwa mkazi wa Kwale swali hilo si kubwa sana, kwa kuwa vyote viwili hupatikana katika safari moja.

Na kuna suala la usingizi. Mwaka 2013 Kenneth Wright wa Chuo Kikuu cha Colorado aliwachukua watu wanane wakalale kambini kwa wiki moja, bila taa wala tochi, wakitumia mwanga wa jua na wa moto peke yake. Mwishoni, saa ya mwili, ile inayoamua lini mtu asinzie na lini aamke, ilikuwa imerudi nyuma kwa takriban saa 2, hata kwa wale waliozoea kukesha. Taa za umeme na vioo vya simu huuambia mwili kwamba bado ni mchana. Giza la kweli huuambia ukweli, na mwili hutii upesi.

Yote haya hayageuzi kambi kuwa tiba. Mtu mwenye huzuni isiyoondoka, asiyelala kwa wiki kadhaa au anayewaza kujidhuru anapaswa kufika kituo cha afya na kuonana na mhudumu. Msitu unaweza kungoja.

Usiku ulivyo

Wengi wanaokwenda kambini hupanga mchana: watatembea wapi, watapiga picha gani, watapika nini. Faida kubwa iko usiku, na usiku ndio hausemwi.

Kwale iko karibu sana na mstari wa ikweta, kwa hiyo jua huzama karibu saa 12 na nusu jioni mwaka mzima, na giza hudumu karibu saa 11. Hakuna mtu mzima anayelala saa 11. Kati ya giza kuingia na usingizi kufika kuna saa tatu au nne ambazo nyumbani humezwa na runinga, simu na shughuli za jikoni. Kambini saa hizo hubaki tupu. Utupu huo huwasumbua watu mwanzoni. Mkono hutafuta simu mfukoni bila kuambiwa, mtu huinuka akapanga vyombo vilivyokwisha kupangwa, akaongeza ukuni ambao moto haukuuhitaji. Baada ya muda huacha. Mazungumzo yanayokuja baada ya hapo si yale ya mezani nyumbani. Watu wanapotazama moto hawatazamani usoni, na mambo ambayo baba na mwana hawajawahi kuyasema huanza kusemeka.

Kisha ni sauti. Nyenje na vyura huanza pamoja na giza. Komba hulia juu ya miti kwa sauti ya mtoto mchanga, na mgeni asiyeambiwa huweza kutoka hemani akidhani kuna mtoto aliyepotea. Bundi hujibizana. Mara tawi huvunjika kwa mbali, na wote kambini hunyamaza kwa pamoja wakisikiliza.

Ni vyema kusema wazi kwamba usiku wa kwanza huenda usiwe mzuri. Mtu aliyezoea ukuta wa mawe na mlango wa chuma hulala nusu, sikio moja likiwa nje. Hiyo ni kawaida na si dalili ya uoga. Anayekwenda usiku mmoja peke yake mara nyingi hurudi akiwa ameona mahali pazuri na akiwa na usingizi. Anayelala usiku wa pili ndiye hupata alichofuata, maana sauti zile zile ambazo jana zilimshtua sasa anazijua kwa majina. Mwenye uwezo apange usiku mbili.

Juu yake ziko nyota. Taa za Ukunda na Diani huonekana kwa mbali kutoka ukingoni, lakini ndani ya milima anga bado ni jeusi vya kutosha. Usiku wa Januari na Februari, kundi la Kilimia hukaa juu kuelekea kaskazini jioni nzima, lile ambalo jina lake limetokana na kulima kwa sababu wakulima wa pwani walilitumia kujua majira kabla ya kalenda kufika ukutani. Mzee anayejua habari hizo ni hazina kambini, na wapo wengi katika kaunti hii ambao hawajaulizwa. Anayetaka nyota aende mwezi ukiwa mwandamo. Anayetaka kuona nyasi za milima ziking'aa kama mchana aende mwezi mpevu, lakini asitarajie kuona nyota nyingi.

Kuwaza si kukaa bure

Kukaa msituni hakuleti mawazo mema kwa lazima. Mtu anaweza kuzungusha tatizo moja kichwani usiku kucha na akaamka nalo vile vile. Waliozoea kambi huwa na njia zao, na mbili zinafaa kutajwa.

Ya kwanza ni kwenda na swali moja tu, lililoandikwa kwenye daftari kabla ya kuondoka nyumbani. Swali lenyewe liwe la kweli na liwe dogo kiasi cha kujibika. "Maisha yangu yanaelekea wapi" ni swali la kumchosha mtu. "Je, niuze shamba la Lunga Lunga au nilikodishe" ni swali linaloweza kupata jibu alfajiri. Halafu mtu haliangalii tena siku ya kwanza. Analiacha. Asubuhi ya pili, kabla wenzake hawajaamka, huketi na daftari na kuandika chochote kinachokuja kwa nusu saa.

Ya pili ni kukaa mahali pamoja. Mtu huchagua jiwe au gogo ndani ya eneo la kambi, hukaa hapo kwa saa moja bila kusoma, bila kuzungumza, na hutazama kilichopo. Dakika kumi za kwanza haoni kitu. Baadaye huona siafu wamepanga msafara, buibui anarudia utando wake, kivuli kimesogea hatua tatu. Watoto hufanya zoezi hili vizuri kuliko watu wazima, mradi wasiambiwe kwamba ni zoezi.

Simu ni suala la kukubaliana mapema. Kundi huchagua mtu mmoja anayebaki na simu iliyowashwa kwa dharura, na wengine huzima. Kutoa simu ili kuonyesha wengine mtandaoni kwamba mtu ametulia ni njia ya uhakika ya kutotulia.

Mwenye kuswali hatapata shida ya mwelekeo, kwa kuwa kutoka Kwale kibla ni kaskazini karibu moja kwa moja. Kujitenga kwa muda ili kumkumbuka Mungu na kupima mambo ni desturi kongwe katika dini zote zinazofuatwa katika kaunti hii, na kwa wengi sala ya alfajiri juu ya milima, upepo ukitoka baharini, ndiyo wanayoikumbuka kuliko yote.

Wamijikenda wenyewe waliijua siku nyingi nguvu ya msitu katika kuwaza. Wazee wa kaya walikutana ndani ya misitu yao kuomba mvua na kushauriana juu ya mambo mazito ya jamii, na si kwa kukosa baraza mahali pengine. Mwaka 2008 UNESCO iliingiza misitu ya kaya za Wamijikenda katika orodha ya Urithi wa Dunia, na Kaya Kinondo iliyoko Diani ni mojawapo. Lakini kaya si mahali pa kupiga kambi. Mgeni huingia kwa idhini na kwa kuongozwa, hujifunga kitambaa cheusi, hachumi wala haokoti kitu, na hutoka siku hiyo hiyo. Anayetaka kulala msituni aende kwenye sehemu zilizotengwa.

Taifa lina mfano wa mtu aliyepata kazi ya maisha yake kutoka mahali pa namna hii. Wangari Maathai alikulia Ihithe, Nyeri, karibu na kijito ambako alikuwa akicheza na mayai ya vyura akiwa mtoto, na karibu na mti wa mugumo ambao mama yake alimkataza kuokota kuni zake. Miaka mingi baadaye alirudi akakuta mti umekatwa na kijito kimekauka, na akaona kwamba mambo hayo mawili yalihusiana. Vuguvugu la Green Belt alilolianzisha mwaka 1977 na Tuzo ya Amani ya Nobel ya mwaka 2004 vilifuata baadaye. Kwanza alikuwa mtoto aliyeruhusiwa kukaa kando ya maji bila kuharakishwa.

Nyumba ya tembo

Milima ya Shimba si bustani. Yeyote anayelala hapo amelala katika nyumba ya tembo, na wakazi wa vijiji vya jirani hawahitaji kuelezwa tembo anaweza kufanya nini. Habari njema ni kwamba hatari nyingi kambini huanzia kwa binadamu, hasa kwa chakula.

Tembo hunusa ndizi, machungwa na maembe kutoka mbali. Matunda hayapaswi kulala ndani ya hema hata kwa usiku mmoja. Chakula chote hufungiwa ndani ya gari, na mabaki hayatupwi vichakani. Nyani na tumbili nao hufungua zipu ya hema kwa ustadi wa kushangaza, na wakishazoea kupata mkate kambini huwa hatari kwa kundi litakalofuata, hasa lenye watoto.

Hema hupigwa mahali palipotengwa, mbali na njia zilizokanyagwa na wanyama. Usiku mtu hatoki peke yake kwenda msalani. Huamsha mwenzake, humulika kwanza pande zote, ndipo hutoka. Tembo au nyati akikaribia kambi, watu hukaa kimya ndani ya hema au gari, hawammulikii tochi machoni, hawapigi picha kwa mmweko wala hawakimbii. Kumrushia kitu ni kosa kubwa kuliko yote. Kutembea nje ya kambi bila askari wa wanyamapori hakuruhusiwi, na kundi linalotaka kwenda maporomoko hupanga na askari mapema.

Wadudu nao wasisahaulike. Milima ya Shimba ina mbung'o, na mbung'o huvutwa na rangi ya buluu na nyeusi. Nguo za rangi ya udongo au kijani kilichofifia, zenye mikono mirefu, zinafaa zaidi. Mbu wapo pia, kwa hiyo hema liwe na wavu mzima au chandarua kibebwe. Asubuhi kila mtu hujikagua kama ana kupe, hasa watoto waliocheza kwenye nyasi.

Maandalizi

Majira bora ni Januari na Februari, wakati wa kaskazi, na kuanzia Julai hadi Septemba, wakati masika yamekwisha ingawa manyunyu ya kusi bado huja. Kwa familia zenye wanafunzi, likizo ya Agosti inafaa. Likizo ya Aprili huangukia masika, na hema lenye maji ndani halimpi mtu nafasi ya kuwaza kitu kingine.

Malipo ya kuingia na ya kulala hufanywa kupitia eCitizen, na si kwa pesa taslimu langoni. Raia hulipa kiwango cha chini kuliko mgeni kutoka nje ya nchi, na watoto na wanafunzi wana viwango vyao, kwa hiyo kitambulisho kibebwe. Viwango hupitiwa mara kwa mara. Ni vyema kuvitazama siku ya kulipa badala ya kutegemea alivyosema jirani aliyekwenda zamani. Waliopanga kulala wawe wameingia kabla ya lango kufungwa saa 12 jioni, na wafike mapema zaidi ya hapo ili hema lisipigwe gizani.

Gharama inayowashinda wengi ni gari la kuzunguka ndani ya hifadhi. Dawa yake ni kundi. Chama cha kina mama, kikundi cha vijana, kwaya au walimu wa shule moja wakichanga na kukodi matatu kwa siku mbili, kila mmoja hubeba sehemu ndogo. Kundi lisizidi watu kumi na watano au hivyo ikiwa nia ni utulivu. Harusi ya watu hamsini msituni ni raha, lakini si kutulia.

Hema la kuazima linatosha mradi limejaribiwa nyumbani kwanza, na vigingi vyake vimehesabiwa. Mkeka na blanketi mbili hufanya kazi ya godoro la dukani. Sweta ni ya lazima. Mtungi mdogo wa gesi wenye kichwa cha kupikia huokoa muda, na kama kundi linataka moto, kuni zinunuliwe nje na ziingie nazo, kwa sababu kukata au kuokota kuni ndani ya hifadhi ni kosa. Moto huwashwa mahali palipoandaliwa pekee. Maji ya kunywa yabebwe katika madumu yanayotumika tena, kwani tangu Juni 5, 2020 chupa za plastiki za kutumika mara moja, sahani, vikombe na mirija ya aina hiyo haviruhusiwi kuingia katika mbuga, misitu na fuo zilizohifadhiwa nchini. Kisanduku cha huduma ya kwanza, dawa za wenye maradhi ya kudumu na namba ya simu ya langoni viwe kwa mtu mmoja anayejulikana na wote. Nambari za dharura za kitaifa ni 999 na 112.

Njia nyingine, hasa kwa wakazi wa upande wa Kinango, ni eneo la Mwaluganje, lililoko kati ya Milima ya Shimba na msitu wa Mwaluganje. Katika miaka ya 1990 wakulima Wadigo na Waduruma wa hapo, waliochoshwa na mashamba kuharibiwa kila msimu, walikubaliana kuitenga ardhi yao iwe hifadhi ya tembo ya jamii, na mapato ya wageni yakagawanywa kwa wenye ardhi. Mkazi anayezuru hapo huwa anamlipa mkazi mwenzake. Tena hupata fursa ya kuongea na watu walioamua, baada ya kufikiri sana, kwamba ardhi ile ile iliyowaletea hasara ingeweza kuwalisha kwa njia nyingine. Si wote walioridhika na matokeo, na wanaulizika.

Siku ya kuondoka, moto huzimwa kwa maji, majivu hukorogwa na kuguswa kwa kiganja hadi yawe baridi, kisha humwagiwa tena. Mashimo ya vigingi hufukiwa. Taka zote, hata maganda ya mayai na mifupa ya samaki, hufungwa na kurudi na wenyewe hadi Kwale mjini. Kabla ya kuwasha gari, mtu mmoja huzunguka kambi mara ya mwisho akitafuta kilichosahaulika, na mara nyingi hukuta daftari la mtu chini ya mti.